Tanbihi ya Sitini na Tatu

Mimi ndiye niliyechapa kanda zake.
Jina langu halimo kitabuni, wala sidai;
nililipwa kwa dakika ya usemi,
na kimya, mkataba ulisema, hakilipwi.

Daktari Heulwen Probert, daktari wa vitabu, si wa sindano
(aliwahi kuwaambia wagonjwa hivyo kabla hawajamfunulia vidonda),
alipanda Bonde la Ebbw kila Jumanne kwa basi la alfajiri,
mvua ya Welisi ikimfuata kama mdai,
kinasa sauti kimelala ndani ya soksi ya sufu.

Alitaka kujua jambo moja:
kiwanda cha chuma kikifungwa, ujuzi huenda wapi?
Wanaume mia tisa walirudi nyumbani na makopo yao ya chakula;
kumi na wanne wakaenda kuuguza wazee.
Hao kumi na wanne ndio kitabu.

Sura ya nne ina jedwali,
asilimia zimesimama kama askari wa gwaride.
Mhudumu wa wodi: ujuzi, daraja la pili.
Daraja la pili ni la anayefagia, anayelisha, anayegeuza mwili.
La tano ni la anayeandika kwamba mwili umegeuzwa.

Kanda ya saba ni ya Gethin Maddocks.
Sauti nene, tanuri bado linakohoa ndani yake.
Miaka ishirini na sita alisikiliza chuma:
"Kikiwa tayari hakipigi kelele, bibie, kinanong'ona.
Ukingoja kelele umechelewa, na mtu ameshaungua."
Heulwen akamuuliza, kwa lugha ya dodoso,
ni ujuzi upi wa zamani ameuhamishia kazi mpya.
Gethin akacheka: "Ujuzi si kabati, useme tumelihamisha."

Hapo kengele ikalia.
Kiti kikasukumwa, viatu vya mpira vikaenda,
naye Heulwen akaenda nyuma, nadhani hadi mlangoni tu.
Kinasa sauti kikasahauliwa mezani,
kikiendelea kula utepe.

Nilipaswa kuruka. Sikuruka.
Niliongeza sauti hadi masikio yakauma, nikasikia
maji yakimiminwa, yakijaribiwa, yakiongezwa ya baridi.
Mzee Idwal akiapa kwa Kiwelisi
kwamba leo havuliwi shati na mtu.
Gethin hakubishana. Aliuliza habari za njiwa,
wale wa mashindano, aliowafuga mzee enzi zake.
Yule wa kijivu je? Na yule aliyerudi kutoka Ufaransa
na bawa moja bovu?
Nilivihesabu vifungo kwa mlio wa kucha:
sita. Njiwa mmoja, kifungo kimoja.

Kisha: "Ngoja."
Kimya.
"Kifua hiki hakikuwa hivi jana. Mwiteni muuguzi mkuu.
Sasa, si baada ya chai."

Mimi sikusikia kitu.
Nilirudisha utepe mara tisa, pumzi ikabaki pumzi.
Lakini muuguzi alikuja, akaweka chuma chake baridi kifuani,
akasema neno nimonia kwa sauti ya mtu
aliyeikuta ingali changa.

Gethin akarudi, kiti kikalia.
"Samahani, bibie. Tulikuwa wapi?"
"Kwenye ujuzi."
"Aa. Sijui. Andika tu kwamba nafika kazini kwa wakati."

Nilizichapa dakika zote kumi na moja, ukurasa na nusu,
nikabandika karatasi pembeni: *Hii ni daraja la ngapi?*

Hakunijibu. Jedwali lilitoka kama lilivyoingia;
waliotoa fedha walilipenda, lilikuwa safi.
Ila mguuni mwa ukurasa wa mia na kumi na mbili,
kwa herufi ndogo kama sisimizi, pana tanbihi:
*63. Jedwali hili halina masikio.*

Na wiki ile ile bahasha ilifika mlangoni kwangu,
imelowa pembe, sarafu zikigongana ndani.
Hakuna barua. Nikazimwaga mezani, nikahesabu:
dakika kumi na moja,
kwa bei ya usemi.